Maswali na Majibu: Kucheka Naye na Kumcheka

Tangu niandike kuhusu furaha kama tunda la Roho, barua nyingi zilizofika zimeuliza habari ya kicheko. Nimechagua tisa. Nyingine karibu zote zinarudia swali la kwanza hapa chini. Walioliuliza wachukue jibu hilo kuwa lao, na tafadhali wafungue Injili kabla ya kuniandikia tena.

Biblia inasema Yesu alilia, lakini hakuna mstari unaosema alicheka. Je, huo si ushahidi kwamba Mkristo aliyekomaa hapaswi kucheka?

Si ushahidi. Yohana anamaliza Injili yake kwa kutuambia kwamba mambo aliyofanya Yesu yangeandikwa yote, ulimwengu usingetosha kwa vitabu. Sasa wewe unachukua jambo moja lisiloandikwa na kulifanya amri?

Hoja hii ni ya zamani. Yohane Krisostomo, askofu wa Konstantinopoli aliyefariki mwaka 407, aliitumia akihubiri Injili ya Mathayo: Kristo ameonekana akilia, hajaonekana akicheka wala kutabasamu. Namheshimu sana Krisostomo, na najua alikuwa akiwakemea watu waliotoka ibadani wakakimbilia maigizo machafu. Alikuwa na sababu ya kukemea. Lakini hapo alisimamisha nyumba nzima juu ya ukimya wa maandiko, na ukimya haubebi nyumba.

Someni kilichoandikwa. Luka 10:21 inasema Yesu alishangilia kwa Roho Mtakatifu. Alialikwa arusini akaenda. Watoto walimkimbilia, na mtoto hakimbilii uso uliokunjamana. Adui zake walimwita mlafi na mlevi. Ulikuwa uongo, lakini uongo wa aina hiyo hausingiziwi mtu anayeshinda amenuna.

Halafu sikilizeni alivyosema. Mtu mwenye boriti nzima jichoni anamsogelea mwenzake ili amtoe kibanzi. Fikiria boriti ile inavyogonga kila kitu anapoinama! Mafarisayo wanachuja mbu kwenye kinywaji, kisha wanameza ngamia, shingo, nundu na miguu yote minne. Na kwa Kiaramu, lugha aliyoizungumza, mbu ni qalma na ngamia ni gamla, maneno yanayokaribiana sana kwa sauti. Waliomsikiliza hawakuwa mawe. Sisi ndio tumeyasoma maneno haya kwa sauti ya mazishini muda mrefu mpaka hatuyasikii tena.

Na kama kicheko ni dhambi, mbona anakiahidi kama baraka? "Heri ninyi mliao sasa, kwa sababu mtacheka." Ni kweli, mistari michache baadaye kuna ole kwa wanaocheka sasa. Ole hiyo imewekwa pamoja na ole ya matajiri na ya walioshiba. Inamhusu mtu anayecheka kwa shibe wakati mwenzake analia njaa, na inamhusu hata asipotoa sauti.

Kucheka kanisani ni dhambi?

Hapana. Kumcheka mtu kanisani ndiyo dhambi, na hilo hakuna aliyeniuliza.

Waefeso 5:4 inakataza mizaha. Kwa nini basi tunawaona watumishi wa Mungu wakitania?

Soma mstari wa tatu na wa tano pia. Paulo anazungumzia uasherati, uchafu na tamaa, na katikati ya hayo anataja maneno ya aibu, ya upuzi, na neno la tatu ambalo tafsiri moja imeliita ubishi na nyingine mzaha. Kwa Kiyunani ni eutrapelia. Aristotle, mwanafalsafa wa Kiyunani, alilitumia neno hilohilo kama sifa njema: wepesi wa ulimi wa mtu aliye kati ya yule anayegeuza kila kitu kuwa kichekesho na yule asiyejua kucheka kabisa. Paulo analishika upande wake mbaya, ule wepesi wa kugeuza kila neno liwe na maana chafu. Unawajua watu hao. Huwezi kusema "nimechoka" mbele yao bila kulipindua.

Dawa anayoitoa si kununa. Anasema afadhali kushukuru, na kushukuru kwa Kiyunani ni eukharistia. Eutrapelia, eukharistia: mtume mwenyewe anacheza na sauti za maneno katika sentensi ileile ambayo wewe unaitumia kukataza kucheza na maneno.

Tomaso wa Akwino, mwanateolojia wa karne ya 13, alilipima jambo hili kwa utulivu. Alisema kuzidisha mchezo ni dhambi. Akasema pia kwamba mtu asiyetania kamwe, tena anayewaharibia wenzake furaha yao hadi akawa mzigo kwao, naye ana kasoro, ingawa ndogo kuliko ya yule anayezidisha. Wako watu wengi makanisani wanaohesabu kasoro hiyo ya pili kuwa utakatifu wao.

Mchungaji wetu ni mcheshi sana na watu wanampenda. Lakini utani wake mara nyingi ni kuhusu wanawake ambao hawajaolewa, watu wanene, na watu wa kabila fulani. Mimi huwa naumia, nikilalamika naambiwa sina ucheshi. Je, tatizo ni langu?

Dada yangu, tatizo si lako. Nimesubiri swali hili muda mrefu, na nitalijibu kwa urefu.

Miaka kadhaa iliyopita niliketi katika ibada ambayo mhubiri, akieleza habari za mtini usiozaa, alimwonyesha kwa kidole mama mmoja aliyeolewa zamani bila kupata mtoto. Alisema jambo la haraka, la kuchekesha, na kanisa zima likaangua kicheko. Mimi nilicheka. Nilicheka kabla sijafikiri, kisha nikageuka nikamwona. Alikuwa anatabasamu. Alishikilia tabasamu lile mpaka wimbo wa mwisho, na sikumwona tena pale. Sijasahau, na sitaki nisahau.

Kiswahili kinatenganisha jambo hili kwa silabi moja. Kuna kucheka, na kuna kumcheka. Hiyo "m" ni mtu. Ikishaingia katikati ya neno, kuna nafsi inayolipia furaha ya wengine. Mithali 26 inamfananisha mtu anayemdanganya mwenzake kisha akasema "Je! Sikufanya mzaha tu?" na mwenye wazimu atupaye mienge, mishale na mauti. Angalia vizuri kinachotajwa hapo: kujitetea kwake. "Nilikuwa natania tu." Hayo ndiyo maneno unayoambiwa wewe.

Hana, aliyekuwa tasa, alichokozwa na mke mwenzake Penina kwa ajili ya tumbo lake mwaka baada ya mwaka, tena kila walipopanda kwenda nyumbani kwa Bwana. Uchokozi ulikuwa sehemu ya safari ya ibada. Alipofika na kumwaga moyo wake, kuhani Eli akamdhania kuwa amelewa. Mwanamke huyo aliumizwa na mwabudu mwenzake, kisha akahukumiwa na kuhani, wakati Mungu alikuwa anamsikiliza.

Kisha mweke Sara kando yake. Naye alikuwa tasa. Alicheka moyoni aliposikia ahadi, akaogopa, akakana, akaambiwa waziwazi: umecheka. Ahadi haikuondolewa. Mtoto alipozaliwa aliitwa Isaka, yaani "anacheka", na Sara akasema: "Mungu amenifanyia kicheko, kila asikiaye atacheka pamoja nami." Pamoja nami! Mwanamke aliyebeba aibu kwa miaka mingi amesimama katikati ya kicheko na kuwaalika wengine waingie. Hicho ndicho kicheko cha kanisa. Mhubiri anayemtaja mwanamke asiye na mtoto ili watu wacheke ameligeuza andiko hilo miguu juu.

Wanaosema kuchekesha ni njia ya kuwavuta watu, historia wanayo. Katika sehemu za Ujerumani kulikuwa na desturi ya wahubiri kuwachekesha waumini siku ya Pasaka. Wazo lenyewe lilikuwa zuri mno: kifo kimeshindwa, kaburi limeachwa wazi, tucheke. Lakini wahubiri wakaanza kushindana, mimbarini wakasimulia mambo machafu na kuigiza sauti za wanyama, hadi mwaka 1518 Johannes Oecolampadius, mhubiri aliyekuwa Basel, akalazimika kuandika utetezi wa kukataa kwake kuifuata desturi hiyo. Walikuwa wamemlalamikia kwamba mahubiri yake yamekauka! Mhubiri akishaonja kicheko cha umati, kukiacha ni vigumu. Wiki ijayo atahitaji kikubwa zaidi, na mtu wa karibu zaidi wa kumlipia.

Utani wa kabila nao sitauacha upite. Watani wanaofahamiana, wanaojibizana na kuzikana, wana haki yao. Mimbarini hakuna kujibizana. Mmoja ana kipaza sauti, mwingine amekaa na watoto wake wanasikia babu yao akifanywa mjinga. Mwendee mchungaji faraghani, kama Mathayo 18 inavyoelekeza. Mtajie siku na maneno aliyosema. Asiposikia, nenda na mwingine. Usikubali kuitwa mtu asiye na ucheshi kwa sababu umekataa kumcheka jirani.

Naomba vichekesho kumi vya kufungulia mahubiri.

Sina hata kimoja. Soma andiko utakalohubiri mara ishirini.

Mimi ni mchekeshaji wa jukwaani na nimeokoka mwaka jana. Wengine wananiambia niache kazi. Nifanyeje?

Usiache kwa kuwa umeambiwa. Tarehe 14 Juni 2024 Papa Fransisko aliwapokea Vatican wachekeshaji zaidi ya mia moja kutoka nchi mbalimbali, akawaambia kwamba hata Mungu anaweza kutaniwa, kama tunavyowatania tunaowapenda, bila kuumiza hisia za imani za watu, hasa maskini. Kipimo hicho kinakutosha. Pitia vichekesho vyako vyote na kila kimoja ukiulize: nani analipa? Eliya aliwadhihaki manabii wa Baali, labda mungu wao amelala au yuko safarini, lakini wao walikuwa mia nne na hamsini, wanakula mezani pa Yezebeli, na yeye alikuwa peke yake. Mcheke mwenye nguvu anayejivuna. Kicheko cha kumkanyaga aliye chini kifute, hata kama ndicho kinachopigiwa makofi zaidi.

Kanisani kwetu watu wanaanguka na kucheka bila kujizuia, wanaita kicheko kitakatifu. Je, ni cha Roho?

Zaburi 126 inasema kinywa kilijaa kicheko Bwana alipowarejeza mateka wa Sayuni, kwa hiyo sitakana kwamba Mungu anaweza kumjaza mtu hivyo. Jambo mnaloliona lilipata jina duniani kutokana na kanisa moja karibu na uwanja wa ndege wa Toronto, kuanzia tarehe 20 Januari 1994. Maelfu walisafiri kwenda kuliona. Ilipofika Desemba 1995, Vineyard, umoja wa makanisa lililokuwemo, ulikuwa umeachana nalo. Wapo waliotoka kule na ndoa zilizopona, na wapo waliotoka na aibu.

Angalia anayeongoza. Je, anawasukuma? Je, anarudia mpaka watu wacheke? Na yule aliyebaki ametulia, anaambiwa ana roho ngumu? Hapo ondoka. Kiasi ni tunda la Roho, na wala hakuna mahali Roho anapomwaibisha mtu kwa kutocheka. Wiki inayofuata tazama kama madeni yanalipwa na wagonjwa wanatembelewa.

Kuna mtu amechora katuni ya kumdhihaki Yesu na inasambaa mtandaoni. Vijana wetu wanataka kumfundisha adabu. Unatushauri nini?

Wazuieni vijana leo hii. Mjini Roma, kwenye kilima cha Palatino, mwaka 1857 uligunduliwa mchoro uliokwanguliwa ukutani yapata mwaka 200: mtu aliyesulubiwa mwenye kichwa cha punda, na mbele yake kijana ameinua mkono. Chini pameandikwa kwamba Aleksamenos anamwabudu mungu wake. Ni miongoni mwa picha za kale zaidi za msalaba tulizo nazo, na ni dhihaka. Mchoraji hajulikani. Jina la aliyedhihakiwa ndilo lililobaki.

Bwana wetu alivikwa taji la miiba kama mchezo wa askari. Nyumbani kwa Yairo walimcheka, naye akawatoa nje, akamshika mtoto mkono. Jibuni hivyo. Na mkiona vijana wana hasira nyingi kwa ajili ya katuni kuliko kwa ajili ya mama aliyechekwa kanisani, hapo ndipo pa kuanzia mafundisho.

Usiku wa kuamkia mazishi ya baba, ndugu zangu walikumbushia vituko vyake nikacheka mpaka machozi. Shangazi alinikemea mbele ya watu kwamba simheshimu marehemu na sina imani. Tangu siku hiyo naona hatia. Je, nilikosa?

Hukukosa, mwanangu. Mithali 14:13 inasema hata wakati wa kucheka moyo huwa na huzuni. Mwandishi wake alikuwa ameshakaa msibani. Mlikuwa mnamrudisha baba kati yenu kwa dakika chache, jinsi alivyokuwa, na mwili wako haukujua kama ucheke au ulie, ukafanya yote mawili.

Thomas More, Mwingereza aliyeuawa kwa ajili ya imani yake, alipopelekwa kukatwa kichwa mwaka 1535, ngazi za jukwaa zilikuwa dhaifu. Alimwomba afisa amsaidie kupanda salama, na kuhusu kushuka, akasema, atajitegemea. Kisha akasali akafa. Mtu anayeamini ufufuo anaweza kusema hivyo, na mtoto wa mtu anayeamini ufufuo anaweza kucheka usiku kabla ya mazishi.

Shangazi yako usimjibu kwa mistari hii. Alimjua baba yako miaka mingi kabla hujazaliwa, na usiku ule hakuna aliyemwomba asimulie chochote. Mwendee, kaa naye, mwulize ndugu yake alikuwa mtoto wa namna gani.