Mwanangu, rejesho siyo bei ya nyumba

Asalaam aleikum mwanangu. Sisi huku Makorora, Tanga, hatujambo, mdogo wako anakusalimia, na mkamwana wangu mpe salamu zake na wajukuu nao wote.

Ujumbe wako wa juzi nimeusoma mara nne. Umeniuliza hivi: "Mama, benki wamenikubalia milioni 60 kwa miaka 20, riba asilimia 16, rejesho laki nane na elfu thelathini na tano kwa mwezi, na hii kodi ya laki tano ninayolipa kila mwezi haina inakoenda, unaona nitaweza?" Na ukaongeza kwamba nyumba yenyewe iko Kigamboni, wanaiuza milioni 75, zile 15 za juu unazo tayari.

Kuweza utaweza baba. Nakujua, utajibana, utaacha hata soda, na mwisho wa mwezi hela itakuwepo. Hata baba yako aliweza. Ila mimi naona hilo siyo la kuuliza kwanza. La kuuliza kwanza ni hiyo nyumba unainunua shilingi ngapi, maana umeniandikia 75 na mimi jana usiku nimekaa na mdogo wako na simu yake tukapiga hesabu ikatoka nyingine kabisa.

Laki nane na thelathini na tano mara miezi 240 ni milioni 200 na laki nne. Weka na zile 15 zako. Nyumba ya milioni 75 unaitoa kwa milioni 215 na ushee, na hapo sijamgusa mthamini, wala mwanasheria, wala ada ya mkopo, wala bima ya nyumba na bima ya maisha ambazo watakudai kila mwaka. Sa nikamwambia mdogo wako hebu tuangalie mwezi wa kwanza tu. Asilimia 16 ya milioni 60 ni milioni tisa na laki sita kwa mwaka, gawa kwa 12 unapata laki nane kamili. Yani mwezi wa kwanza unapeleka 835,000, riba inakula 800,000, kinachopunguza deni lako ni elfu 35. Elfu thelathini na tano mwanangu. Mwezi wa pili inaongezeka kidogo sana, mwezi wa tatu kidogo tena, ndo inavyokwenda hivyo. Ukifika miaka mitano umeshatoa milioni 50, na ukienda kuuliza salio watakwambia bado milioni 56 na laki nane. Ukifika miaka kumi, katikati ya safari, umeshatoa milioni 100 na bado unadaiwa karibu milioni 50.

Deni halilali. Nimewaambia toka mkiwa wadogo, nyie mkilala lenyewe linatembea.

Nilipoona hiyo ya milioni 50 nikamwambia mdogo wako zima simu, nikaenda chumbani nikafungua kabati nikatoa lile kaunta buku la baba yako. Unalijua, lile jalada gumu jeusi na mgongo mwekundu, alikuwa hataki mtu aliguse. Nyie mlikuwa mnajua kwamba alikopa akajenga vyumba vya uani, na mnajua deni liliisha. Ya katikati hakuwaambia na mimi sikuwaambia, aliniomba nisiseme.

Ilikuwa 2009. Unajua Benki ya Nyumba ya zamani ilishafungwa 1995, na baada ya hapo mtu wa mshahara mdogo alikuwa anajenga tofali moja moja, kiwanja mwaka huu, msingi miaka mitatu mbele. Afu sheria ya mikopo ya nyumba ikatoka 2008, mabenki yakaanza kupita maofisini kuwaeleza watu, na baba yako akaona huu ndo wakati. Akachukua milioni 12 kwa miaka kumi, riba asilimia 18, dhamana hii hii nyumba ninayokuandikia nikiwa barazani kwake. Rejesho laki mbili na elfu kumi na sita na kitu. (Miaka 20 kama unayopewa wewe wenzio hatukuiona. Imekuja kuzoeleka baada ya kuanzishwa TMRC 2010, ile kampuni inayoyakopesha mabenki hela za muda mrefu ya nyumba. Sijui kama ni neema au ni kamba ndefu zaidi, nabishana na nafsi yangu hapo kila siku.)

Na mimi nilisaini. Sheria inataka mke aridhie kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, kwa hiyo niliitwa, nikapewa kalamu, nikaonyeshwa kwa kidole saini hapa, saini hapa, na hapa. Kurasa kumi na kitu. Nilikuwa nimeacha dagaa juani nyumbani na wingu limefunga upande wa baharini, roho yote iko kwenye dagaa, nikasaini bila kusoma hata mstari mmoja. Mpaka leo nikikumbuka naona aibu, maana mimi ndo niliyekuwa nasoma vizuri kuliko yeye.

Basi kila mwezi akitoka benki anafungua kaunta buku, anachukua rula, anapiga mstari, anaandika: milioni 12 toa 216,000. Mwezi ujao anatoa tena kwenye kilichobaki. Kwa mwandiko wake ule wa kulala. Miaka mitatu, mara 36 hakukosa hata moja, hata ule mwezi aliolazwa Bombo nilipeleka mimi. Ilipofika Februari 2012 kaunta buku linasema imebaki milioni nne na laki mbili. Na sisi tulikuwa tumepokea upatu, na machungwa ya Muheza yalikuwa yameuzika vizuri, mkononi tuna milioni nne na laki tatu. Akaniambia mama watoto, kesho tunakwenda kumaliza, vaa lile gauni la kijani.

Tukaenda na baiskeli, mimi kwenye keria. Alikuwa anapiga kengele barabarani bila sababu, kwa furaha tu. Hela iko ndani ya bahasha ya kaki, bahasha iko ndani ya shati. Tukafika, tukakaa kwenye benchi, tukaitwa. Kijana akaangalia kompyuta yake akasema mzee salio lako ni milioni kumi, laki mbili na themanini na saba elfu. Baba yako akamwambia, "Hiyo ya nani?" Kwa adabu kabisa, alidhani kijana kafungua akaunti ya mtu mwingine. Kijana akarudia. Baba yako akatoa kaunta buku akalifungua dirishani akamwelekezea, akaweka kidole kwenye namba ya mwisho. Yule kijana akafuata mistari yote kwa macho toka juu mpaka chini, akanyamaza, afu akalifunga taratibu akamrudishia kwa mikono miwili. Hakucheka. Mungu ambariki popote alipo kwa kutocheka.

Tulirudi kwa miguu, anasukuma baiskeli. Tumepita Ngamiani yote hasemi neno. Tulipofika kwenye kona ya hapa nyumbani ndo akasema, "Nimedanganywa na mkono wangu mwenyewe."

Wiki mbili ile bahasha ilikaa chini ya godoro. Alikuwa hali vizuri. Aliyetuokoa ni mjomba wako, yule aliyekuwa mhasibu wa reli, alikuja hapa barazani akachukua kalamu akatuonyesha kwamba riba inapigwa kwenye deni lililobaki kila mwezi, kwa hiyo mwanzoni deni ni kubwa na riba ni kubwa, na sehemu kubwa ya rejesho inaishia humo. Akasema sasa hiyo milioni nne msiitumie kwa kitu kingine, ipelekeni, ila ipelekeni na barua imeandikwa hela hii ipunguze msingi wa mkopo, yani lile deni lenyewe. Na kweli tulipokwenda walitaka kuiandika kama marejesho ya miezi ishirini ya mbele, ambayo ingekuwa haitusaidii kitu. Baba yako akasema hapana, someni barua. Deni likashuka mpaka karibu milioni sita, na kwa rejesho lilelile miezi 84 iliyobaki ikawa miezi 36. Tulimaliza 2015 badala ya 2019. Milioni nne na laki tatu imefuta marejesho ya zaidi ya milioni kumi, hilo nimelipiga tena jana na mdogo wako, ni kweli. Na 2017 baba yako alipofariki hati ilikuwa ndani ya kabati langu, hakuna mtu aliyekuja kubisha hodi kwenye tanga lake kuniuliza habari ya nyumba.

Sasa na wewe. Utanijibu kama ulivyonijibu mwaka juzi, kwamba mama shilingi inashuka, laki nane ya miaka kumi na tano ijayo haitakuwa laki nane ya leo. Nakubali, siwezi kubisha, chumba cha uani nilikuwa napangisha elfu 20 na sasa elfu 50, na lile rejesho la laki mbili lililokuwa linatutoa jasho 2009, kufika 2015 lilikuwa limelegea. Kwa hiyo milioni 200 zako siyo milioni 200 za kuzitoa leo. Lakini mshahara haupandi kwa kila mtu, baba yako wewe mwenyewe ulishuhudia walivyopunguzwa kazini. Na kodi ya laki tano kwa miaka 20 hata isipopandishwa ni milioni 120 na mkononi hubaki na ufunguo. Hilo nalo nimelipiga, sijalificha.

Na kujenga kidogo kidogo kama mjomba wako, watu wanasema ni bure haina riba. Haina riba lakini ana nondo zimeliwa na kutu na upepo wa bahari, tofali zimeota majani, na miaka yote hiyo alikuwa anapanga. Hiyo nayo ni gharama, ila haina karatasi.

Kuhusu riba yenyewe kidini sikuandikii mahubiri, umesoma madrasa. Baba yako lilimsumbua mpaka mwisho. Ila ulizia kwenye benki zenye huduma za kiislamu, murabaha, wao wananunua nyumba wanakuuzia kwa bei ya juu zaidi na bei yote unaambiwa siku ya kwanza. Inaweza isiwe rahisi kuliko hiyo ya kwako, lakini angalau hakuna anayeshtukizwa dirishani.

Kabla hujasaini kawaulize haya na wakujibu kwa maandishi. Hiyo 16 inapigwa kwenye salio linalopungua au ni flati kwenye milioni 60 zote mpaka mwisho, maana ikiwa flati riba peke yake ni milioni 192. Inaweza kupandishwa katikati? Ikienda 17 tu, rejesho linakuwa laki nane na themanini, na mpaka mwisho ni karibu milioni 11 zaidi, asilimia moja hiyo. Ukilipa mapema wanakukata adhabu? Na ukiongeza hela, inapunguza msingi? Kwa sababu tumeangalia, ukiongeza laki moja tu kila mwezi juu ya rejesho, unamaliza miaka 12 na miezi kama miwili, unaokoa zaidi ya milioni 60. Na ukiomba miaka kumi badala ya 20 rejesho linakuwa milioni moja na elfu tano, yote inakuja kama milioni 120 na laki sita. Laki moja na sabini za ziada kwa mwezi zinakuondolea milioni 80. Mimi hapo ndo nisingelala. Deni halilali, basi na wewe usilale nalo miaka 20 kama 10 inawezekana.

Na mkamwana wangu asome kila ukurasa kabla hajasaini. Kila ukurasa. Mwambie ni mimi nimesema, na aache dagaa kwa mtu.

Nichukue au nisichukue, hilo utaniuliza tena najua. Ulimi unaniwasha. Ningekuwa na uchungu wa siku ile tu ningekwambia acha, achana nao, rudi ujenge Pongwe kwenye kiwanja cha bibi yako. Lakini kila mwisho wa mwezi wapangaji wanne wananiletea hela mkononi, na vyumba hivyo ndo vilivyokulipia ada mpaka ukapata hiyo kazi ambayo benki wanaitazama wakakukubalia. Bila lile deni sijui ungekuwa wapi. Sa nikwambie nini? Nyumba ni yako, miaka ni yako. Nikisema neno moja zaidi nitakuwa nimeamua mimi.

Kaunta buku nalituma na basi la kesho asubuhi, ukalipokee stendi ya Magufuli, limo kwenye kiroba cha machungwa, nimelizungushia kanga. Ukurasa wa Februari 2012 nimeukunja pembe. Pale chini ya mstari wa mwisho kaandika 10,287,000 mara tatu kwa kalamu nyekundu, sijui aliandika saa ngapi maana mimi nilikuwa nimelala. Ukilipata nipigie.

Mama yako