Kuhesabu Kutoka Mtondogoo

Mwaka juzi nilianza kuandika hadithi ya watu wa kisiwani wanaouabudu Wakati. Nikahitaji ibada yao. Sikutaka wapige ngoma wala wachinje mbuzi, nilitaka kitu cha kukaa kimya, tena kiwe kinafanyika kweli. Basi kabla ya kukiandika nikawa nakijaribu mwenyewe, kwenye chumba changu cha kupanga hapa Dar. Hadithi imekwama sura ya nne. Kukaa naendelea nako.

Niseme mapema kwa sababu nimeshaulizwa: mimi ni Mwislamu, naswali, wala sijaanzisha dhehebu. Dini ile imo kwenye daftari tu.

Unakaa mkekani, unawasha kijiti cha udi, unainamisha macho. Unahesabu pumzi, ila si kwa moja, mbili, tatu. Unahesabu kwa siku, ukija kutoka mbali: mtondogoo, mtondo, kesho kutwa, kesho, leo. Kila siku pumzi moja. Ukifika leo unavuta pumzi kadhaa hapohapo bila kuzipa jina, kisha unaanza tena mtondogoo.

Wiki za kwanza nilikuwa nimezigeuza, mtondo nikauweka nyuma ya mtondogoo. Aliyenisahihisha ni bibi, kwenye simu. Nilimwamkia, akaitikia marahaba, nikamweleza ninachofanya. Akacheka mpaka akakohoa. "Wewe mjukuu wangu, hata siku huzijui! Kesho kutwa, kisha mtondo, kisha mtondogoo. Shambani tulihesabu hivyo tukingoja mbegu ichomoze." Halafu akauliza, kwa sauti nyingine, kama bado naswali.

Sasa, jambo ambalo sikulitegemea. Hesabu hukwama. Mtondogoo unapita, mtondo unapita, kisha kuna siku moja unaifikia na pumzi inakatika, na ukishtuka umeshazama kwenye maneno ya kumjibu mtu ambaye hata hajakupigia. Kwangu mwezi ule ilikuwa kesho kutwa. Kodi ya miezi sita ilikuwa imeisha, na mwenye nyumba alishasema atapita. Nikirudia, inakwama palepale, kama uzi kwenye msumari. Siku iliyofuata kodi ikawa kesho, na kweli hesabu ikahamia kesho. Mimi nilidhani nina wasiwasi wa maisha yote. Kumbe ulikuwa na tarehe.

Ushauri wangu hapo: ukikwama usipigane, wala usiiruke siku hiyo ili uwahi leo. Rudi mtondogoo. Hata ukirudi mara thelathini na leo usiione kabisa, umekaa. Asubuhi ile ya kodi sikufika leo hata mara moja, ila nilipoinuka nilimpigia mwenye nyumba kabla hajanipigia, nikaomba wiki mbili. Alinipa moja.

Kuhusu kupima kikao, achana na simu. Nilianza na kengele ya simu, nikawa naifungulia jicho kila baada ya dakika mbili, na ukishaigusa tu kuna ujumbe wa kikoba. Udi hauna ujumbe. Wala sikuugundua mimi: kwenye mahekalu ya Zen, tawi la dini ya Kibudha, huko Japani, kikao cha kukaa kimekuwa kikipimwa kwa kijiti kimoja cha udi tangu zamani, na mtawa wao Dogen aliandika mwaka 1240 kwamba kuwepo na wakati si vitu viwili. Nilipoisoma sentensi ile nilikuwa nimeshakaa miezi mitatu, nadhani ndiyo maana niliielewa kidogo.

Chagua kijiti kinachokaa kama nusu saa, kichomeke kwenye kopo la mchanga, na zima pangaboi. Hilo la pangaboi nimejifunza kwa gharama. Upepo unaula udi upesi, kikao kinaisha hujafika popote, na majivu yanaruka. Mkeka wangu una tundu la ukubwa wa punje ya mtama. Pangaboi ikiwa imezimwa, jivu halidondoki mara moja. Linajipinda, linakuwa refu kama kucha, linabaki limeshikilia mahali ambapo moto umeshapita. Kisha linaanguka bila sauti. Siku nyingine hilo tu ndilo ninaloliona vizuri asubuhi nzima.

Mimi hukaa baada ya swala ya alfajiri. Mwezi Julai hapa Dar jua huchomoza kama saa kumi na mbili na nusu, kwa hiyo kijiti kinaanza gizani na kuishia kwenye mwanga. Kila siku ya kumi sikai. Hilo nimelitoa kwenye ile kalenda ya pwani ya wavuvi na wakulima, ambayo Makunduchi, Zanzibar, bado wanaifungulia mwaka kwa sherehe ya Mwaka Kogwa kila Julai: siku zake huhesabiwa kwa miongo, kumi kumi mara 36, na tano zinabaki mwishoni. Kwenye hadithi yangu, siku hizo tano ni mwiko kuhesabu chochote, hata samaki. Siku ya kumi ya kupumzika imenisaidia kuliko nidhamu, maana zamani nikikosa siku moja nilikuwa naacha mwezi mzima.

Kuna upande wa pili, wa kurudi nyuma: leo, jana, juzi. Nilipouongeza nilikuwa na miezi minne tangu nimzike mama, na sikufika juzi. Nilizima udi kwa vidole. Kama una msiba wa karibuni, kaa upande wa mbele kwanza, hata mwaka. Mimi nimeanza kuurudia mwezi uliopita, na sivuki jana.

Bibi bado huniuliza. Juzi alipiga: "Ile dini yako mmefikia wapi?" Nikamwambia leo. Akasema vizuri, basi kesho kutwa nimtumie hela ya sukari.