Mganga wa rangi, mtumbukize baharini

Mdogo wangu, huyo mganga wa Mikindani wa kwenye hadithi unayoandika, anayechota nguvu kwenye rangi, unayemtafutia udhaifu: usihangaike kutunga, mzamishe tu. Maji humeza wekundu kwanza. Kwenye kina cha kama mita 10 kanga nyekundu inafifia inakuwa kijivu, na mpiga mbizi akijikata kwenye tumbawe, damu inaonekana kijani-kijani. Buluu ndiyo hufika chini zaidi. Kwa hiyo uchawi wake wa wekundu umwishie huko chini ya maji ya Mnazi Bay, katikati ya pambano. Ila adui naye mpe wasiwasi: tochi. Mganga akimulika kitu kwa karibu, wekundu unarudi palepale.