Wosia umekataliwa mahakamani: soma hukumu kabla ya kwenda polisi

Wosia ukikataliwa kwenye kesi ya mirathi, upande ulioshinda huamini kwamba kesi ya jinai ya kughushi imebaki kukamilisha taratibu tu. Sivyo. Katika nchi nyingi zilizorithi mfumo wa sheria wa Uingereza, hakimu wa jinai hafungwi na alichoamua mwenzake wa madai. Anasikiliza upya, tena kwa kipimo kigumu zaidi.

Kwenye madai, upande wenye uwezekano mkubwa zaidi ndio unaoshinda. Kwenye jinai, kosa lithibitishwe bila kuacha shaka ya maana. La pili, ambalo husahaulika: kwenye mirathi, anayeleta wosia ndiye mwenye mzigo wa kuuthibitisha. Akishindwa kuondoa mashaka, wosia unaanguka hata kama hakuna aliyethibitisha kwamba umeghushiwa. Kwenye jinai mzigo wote unabebwa na upande wa mashtaka.

Kwa hiyo usiishie kwenye amri ya mwisho, soma sababu. Kama wosia ulikataliwa kwa kuwa shahidi mmoja hakuwepo wakati wa kutia sahihi, au marehemu hakuwa na akili timamu, au alishinikizwa, basi sahihi inaweza kuwa yake kabisa na shtaka la kuighushi halina miguu. Hata jaji akisema wazi kwamba sahihi si ya marehemu, swali linabaki: nani aliiandika? Aliyeuleta wosia mahakamani huenda aliupokea tu. Kughushi ni kosa moja, na kuwasilisha hati ya uongo ni kosa jingine, ambalo nalo linadai uthibitisho kwamba mhusika alijua.

Kinachosaidia zaidi kwenye jinai ni ushahidi uliokusanywa kwenye kesi ya madai. Omba nakala iliyothibitishwa ya mwenendo mzima wa kesi pamoja na viapo vya maandishi, maana shahidi aliyesema hivi chini ya kiapo akija kusema vile, atabanwa kwa maneno yake mwenyewe.

Wosia halisi ndio roho ya kesi. Ukiwa ulipokelewa kama kielelezo, kwa kawaida umo kwenye jalada la mahakama, na polisi watahitaji amri ili ufike kwa mchunguzi wa maandishi. Hapa ndipo kesi nyingi hudhoofika, kwa sababu inapelekwa fotokopi. Fotokopi haionyeshi mgandamizo wa kalamu kwenye karatasi, wala mahali mkono uliposita na kuinuka katikati ya herufi. Sahihi za kulinganishia zitoke kwenye fomu za benki au mikataba ya miaka ileile wosia ulipoandikwa, na ziwe kadhaa. Sahihi ya ujanani haisaidii sana kupima ya mtu aliyekuwa mgonjwa na mkono unatetemeka.

Wosia ukikubaliwa, mambo ni magumu zaidi. Uthibitisho wa wosia kwa kawaida unamfunga kila mtu, si wahusika wa kesi peke yao, na mwendesha mashtaka atasita kuufungulia jalada. Anza na rufaa, au ombi la kubatilisha uthibitisho huo kwa ushahidi mpya.

Je, ni lazima kusubiri mahakama yenyewe ilalamike? Nchini India sheria ilizuia baadhi ya mashtaka ya kughushi hati zilizotolewa kwenye kesi hadi mahakama husika ipeleke malalamiko. Mwaka 2005, katika shauri lililohusu wosia, Mahakama ya Juu ya huko iliamua kwamba kizuizi hicho kinahusu hati iliyochezewa ikiwa tayari mikononi mwa mahakama, si iliyoghushiwa kabla ya kufikishwa pale. Sheria ya kwako inaweza kuwa tofauti, kwa hiyo muulize wakili swali hilo kabla ya yote.

Mara nyingi kesi mbili zinaruhusiwa kwenda sambamba. Ila jaji akiona polisi wanatumika kuwatisha ndugu wakubali mgawanyo fulani, anaweza kuisimamisha ile ya jinai. Ujumbe wa simu wa aina ya "saini au ulale ndani" unatosha kumpa mshtakiwa hoja hiyo.