Andikiana Mkataba Kabla ya Kubeba Maji

Juzi binti mmoja wa Likoni, Mombasa, aliniandikia: "Dada, napenda filamu lakini sitaki kuigiza. Nianzie wapi?" Swali lile limeninyima usingizi, maana mimi nilipoanza sikuwa na wa kumuuliza.

Nilianza kwa kubebea wapigapicha maji na mahamri Mji wa Kale. Haikupita miezi miwili nikawa natafuta nyumba za kupigia picha, nagawa nauli, natunza nguo za waigizaji, nashika maikrofoni mshikaji wake akiugua. Lakini kilichonipa heshima ni bahari. Mwongozaji, mgeni wa bara, alipanga wapenzi watembee mchangani Nyali saa kumi jioni. Nikamwambia, hii ni bamvua, siku za maji makubwa, saa hiyo maji yatakuwa ukutani. Akabisha. Nikamwita mzee mvuvi amweleze jinsi maji yanavyojaa mara mbili kwa siku, na kila siku yanachelewa karibu dakika 50. Tukapiga saa nne asubuhi, yamekupwa. Jioni pale pote palikuwa mawimbi.

Filamu ikatoka. Nilimchukua mama tukaitazame. Majina yakapita, hata la dereva, langu hakuna. Cheo cha mtayarishaji, kwa kazi zile nilizofanya mimi, alipewa mtu aliyekuja siku mbili tu. Mama akaniuliza polepole, "Lako liko wapi?" Miaka 9 imepita na sauti ile bado naisikia.

Kwa hiyo mdogo wangu, jifunze kila kazi, usichague. Jua kwamba kibali cha kupiga filamu ni cha KFCB, bodi ya serikali ya Kenya inayosimamia filamu, na kwamba ngome ya Fort Jesus iko chini ya Makumbusho ya Taifa, kwa hiyo huko unaomba ruhusa yao pia. Ukiingia vichochoro vya Kibokoni, mle Mji wa Kale, wasalimie wazee wa mtaa kwanza, na ratiba yako ipishe adhana. Ukidharau hayo utarudia kazi kwa pesa zako.

Ila kubwa ni karatasi. Cheo chako kiandikwe, na jina lako litakavyosomeka mwishoni liandikwe, kabla kamera haijawashwa. Usione haya kudai. Anayekuambia "sisi ni familia, tutaelewana" mpe kalamu.

Mwezi ujao naanza kazi mpya. Njoo. Nitakupa maji ubebe, na kabla hujayagusa nitakupa mkataba, uusome wote, ndipo utie sahihi.