Ufunguo ulikuwa mkononi mwa nani

Mhariri,

Swali lenu la wiki hii lilituuliza iwapo utumwa katika jamii za Kiislamu ulikuwa na afadhali kuliko ule wa nchi za Magharibi, na iwapo kuna anayestahili kuomba radhi. Nimelisoma mara mbili nikiwa barazani kwetu, mtaa wa Langoni, hapa Lamu, na nadhani majibu mengi mtakayoyapokea yatakuwa ya namna mbili. Wengine watamtaja Bilal bin Rabah, mtumwa aliyekombolewa akawa mwadhini wa Mtume, na aya za kukomboa watumwa, kisha waishie hapo. Wengine watayataja majahazi ya Waarabu kwa nia ya kuutia Uislamu aibu, na meli za Wazungu wasizitaje kabisa. Nyani haoni kundule. Mimi nitajibu kutoka nyumbani kwetu, kwa kuwa nyumbani kwetu walikuwamo waliomiliki na waliomilikiwa.

Mama yake bibi yangu alikuwa suria, yaani mjakazi aliyewekwa na bwana wake kama mke bila ya ndoa. Aliletwa Lamu angali msichana, kwa magendo, baada ya Sayyid Barghash, sultani wa Unguja, kulifunga soko la watumwa la Unguja mwezi wa Juni mwaka 1873. Asili yake ilikuwa upande wa Ziwa Nyasa, na alipitishwa Kilwa kama walivyopitishwa wengi. Jina aliloitwa na mamake halikubaki. Lililobaki ni jina la manukato alilopewa na bwana wake. Alimzalia bwana huyo binti mmoja, na binti huyo, ambaye ndiye bibi yangu, alikuwa mwungwana, yaani mtu huru, tangu siku aliyozaliwa, akamrithi babake pamoja na ndugu zake waliozaliwa na mke wa ndoa. Mama yake naye, kwa kuwa alizaa, hakuweza kuuzwa tena, na bwana alipofariki akawa huru. Hiyo ndiyo hukumu ya fiqhi, yaani elimu ya sheria ya Kiislamu, kwa suria aliyemzalia bwana wake.

Sasa tazameni Virginia, koloni la Waingereza kule Amerika. Mwaka 1662 baraza la koloni hilo lilipitisha sheria kwamba mtoto atafuata hali ya mama yake, na mwaka 1667 likaongeza kwamba ubatizo haumtoi mtu utumwani. Kwa sheria hiyo, mwenye shamba aliyemtia mimba mjakazi wake alijiongezea mali, na mtoto wake wa damu aliweza kuuzwa mnadani au kurithishwa pamoja na ng'ombe. Tofauti hii si ndogo, na anayesema kwamba mifumo hiyo miwili ilikuwa sawasawa hajaitazama. Sayyid Barghash mwenyewe alikuwa mwana wa suria wa Kihabeshi. Misri ilitawaliwa na mamluki, yaani askari walionunuliwa wakiwa watumwa, kuanzia mwaka 1250 hadi 1517. Katika makoloni ya sukari na pamba mambo kama hayo hayakuweza hata kuwaziwa.

Nikifika hapo, wenzangu wengi wa barazani huniambia: basi umejijibu, afadhali ipo. Mimi huwauliza ilikuwa afadhali kwa nani. Hukumu ile ile iliyomfanya bibi yangu mwungwana ndiyo iliyompa babake ruhusa ya kuingia chumbani kwa msichana aliyemnunua, bila ya posa, bila ya mahari, bila ya kumwuliza. Ikiwa msichana huyo alikuwa na neno la kusema, hakuna aliyeliandika. Neno "afadhali" limesemwa siku zote na wenye nyumba, nasi watoto wa nyumba tumelirithi kwao pamoja na milango ya nakshi.

Aya zenyewe ni za kweli na sitaki kuzipunguza. Suratul-Balad imekutaja kukomboa mtumwa kuwa ni kupanda njia ya mlimani. Suratut-Tawba imetenga fungu la zaka kwa ajili hiyo. Kuua kwa bahati mbaya, kuvunja kiapo na kumfananisha mkeo na mgongo wa mamako kote kumewekewa kafara ya kumwacha mtumwa huru. Aya ya 33 ya Suratun-Nur inawaamrisha wamiliki waandikiane na mtumwa anayetaka kujikomboa kwa malipo, wakiona kheri kwake. Lakini wanavyuoni walio wengi waliifasiri amri hiyo kuwa ni jambo linalopendeza, si la lazima. Mlango ukawa upo, mpana, na ufunguo wake umeachwa mkononi mwa mwenye mtumwa.

Zaidi ya hayo, fiqhi hiyo hiyo haikumruhusu mtu kumtia mwenziwe utumwani apendavyo. Njia zilizotambuliwa zilikuwa kutekwa katika jihadi na kuzaliwa na mama mtumwa. Mwaka 1615 mwanachuoni Ahmad Baba wa Timbuktu aliandika kwamba kinachohalalisha utumwa ni ukafiri, wala si weusi wa ngozi, na kwamba Mwislamu hatiwi utumwani awe wa kabila lolote. Yeye hakuupinga utumwa wenyewe, lakini alitaka hoja ya sharia. Nani alitaka hoja Kilwa? Waliotoka Nyasa hawakutekwa katika jihadi. Waliporwa vijijini usiku, au waliuzwa kwa sababu ya njaa na madeni, wakabadilishwa kwa nguo na bunduki. Kwa kipimo cha vitabu tulivyovisomesha wenyewe, wengi wao walikuwa watu huru walioibwa. Hili ndilo linaloniuma kuliko yote, kwa kuwa hatuwezi kumsingizia mgeni: vitabu tulikuwa navyo.

Watu husema pia kwamba utumwa wetu ulikuwa wa nyumbani na wa Wazungu ulikuwa wa mashambani. Anayesema hivyo na aende Malindi. Mji ule, uliokuwa umekufa, ulifufuliwa na Sayyid Majid, sultani aliyemtangulia Barghash, mwanzoni mwa miaka ya 1860, na kilichoufufua ni mtama, mahindi na ufuta uliolimwa na watumwa na kusafirishwa Unguja na Arabuni. Liwali wake, yaani gavana, Salim bin Khalfan, alikuwa miongoni mwa wenye mashamba na watumwa wengi kuliko wote. Hapo mtumwa alipimiwa ngwe yake kwa siku, nokoa, msimamizi wa shamba, akamwangalia, na "mtu wa nyumbani" likabaki neno la mjini. Unguja na Pemba ilikuwa karafuu. Jamaica ilikuwa sukari. Kilichoufanya utumwa uwe mkali au mwepesi, kwa maoni yangu, ni bei ya zao sokoni kuliko dini ya mwenye shamba. Basra walilijua hilo karne kumi kabla ya Malindi: Wazanji, watumwa weusi waliotumikishwa katika ardhi ya chumvi kule Iraki, waliasi mwaka 869 na hawakushindwa hadi mwaka 883.

Walioishi ndani ya utumwa huo walitoa hukumu yao kwa miguu. Watoro wa Malindi walikimbilia Fuladoyo, bara ya Wagiriama. Wengine walijiunga na Ahmed Simba, sultani wa Witu, wakawa askari wake. Mtu haachi afadhali akaenda kuishi msituni.

Kwa upande wa hesabu, nchi za Magharibi zina daftari: Waafrika wapatao milioni 12.5 walipakiwa kuvushwa Atlantiki, na chini ya milioni 11 ndio waliofika hai. Majahazi yetu hayakuandika daftari za namna hiyo, na wapo wanaoifanya dosari hiyo kuwa ushahidi kwamba watu walikuwa wachache. Si ushahidi. Na Wazungu waliongeza jambo moja ambalo fiqhi haikuwa nalo, nalo ni kuifanya rangi kuwa sheria, hata aliyekombolewa asiweze kuivua. Sisi hatukuiandika katika vitabu vya sheria, tuliiweka mdomoni: katika lahaja kadhaa za Kiarabu neno la "mtumwa" lilikuja kuwa neno la mtu mweusi, na Kiswahili chetu kikamwita aliyetoka bara mshenzi na aliyezaliwa pwani mzalia, wote wawili wasifikie kuwa waungwana.

Kuhusu kukomesha, Waingereza hujipa sifa nyingi, na sehemu ya sifa hizo ni haki yao. Lakini Haiti walijikomboa wenyewe kati ya mwaka 1791 na 1804, na Bey, mtawala wa Tunis, aliupiga utumwa marufuku mwaka 1846, miaka miwili kabla ya Ufaransa na karibu miaka ishirini kabla ya Marekani. Oman ilingoja hadi 1970 na Mauritania hadi 1981, na hilo nalo tuliseme. Bunge la Uingereza, lilipopitisha sheria ya mwaka 1833, lilitenga pauni milioni 20 na kuwapa wenye watumwa. Watumwa hawakupewa hata senti. Pwani yetu ilifuata nyayo hizo hizo. Unguja na Pemba hadhi ya utumwa ilifutwa mwaka 1897, huku masuria wakiachwa nje ya amri ile. Hapa kwetu tulingojeshwa miaka kumi zaidi, hadi 1907, kwa kuwa serikali ya Kiingereza ilichelea kuwaudhi wenye mashamba. Fidia ikalipwa kwa wamiliki. Mwaka uliofuata ikaja sheria ya hati za ardhi, na aliyekuwa na karatasi au shahidi wa heshima akaandikiwa shamba, hali yule aliyelilima akawa skwota katika ngwe yake mwenyewe.

Si kila aliyesoma alikubali. Habib Swaleh, sharifu aliyetoka Ngazija, aliwasomesha watwana, yaani watumwa, na watoto wao hapa Langoni, wakati waungwana wa mtaa wa Mkomani hawakuona haja ya watu hao kuijua elimu, na msikiti wa Riyadha umesimama hadi leo. Hata hivyo, miaka sita iliyopita, posa ya mwanafunzi wangu wa zamani, kijana mwenye shahada na adabu, ilirudishwa katika nyumba moja ya hapa mjini kwa hoja ya kufu, yaani kulingana kwa hadhi baina ya waoanao. Niliyemwuliza alinijibu kwa sauti ya chini: "Mwalimu, yule ni mzalia wa akina nani?" Fiqhi ya Kishafi'i huuhesabu uhuru wa nasaba katika kufu, na hapo ndipo utumwa uliofutwa zaidi ya miaka mia moja iliyopita bado unapofanya kazi.

Nabaki na radhi. Sandukuni mwetu imo karatasi ya madai ya fidia ya watumwa wa shamba la bara, upande wa Mkonumbi, iliyoletwa na warithi wa yule bwana. Warithi wametajwa kwa majina matatu matatu. Watumwa kwa jina moja moja, bila ya baba. Miongoni mwa warithi yumo bibi yangu, aliyekuwa mtoto mdogo. Fungu lake lilikuwa nusu ya la kaka yake, kama sharia inavyoagiza. Binti wa mwanamke aliyenunuliwa alipokea rupia kwa ajili ya watu walionunuliwa, na kwa hesabu ya wakati ule hakuna kosa lililotendeka.

Kwa hiyo sijui niiombe radhi hiyo au niipokee, nami nimeacha kungoja serikali yoyote iniamulie. Shamba la Mkonumbi tumelirithi watu watano. Wamo watu wanaolilima ambao mababu zao ni yale majina ya karatasini, nao hawana hati. Mwezi wa Rajabu niliwaandikia ndugu zangu kwamba fungu langu nataka waandikiwe wao, na kwamba nao wakitaka wafanye hivyo. Watatu hawajajibu. Wa nne amesema jambo hilo lingoje shamba lipimwe upya.