Mtoto Akikwambia Mguu Unauma, Mwamini

Jumamosi iliyopita mama mmoja alinivuta kando kabla hatujaanza mazoezi. "Mwalimu, huyu wangu anajifanya. Jana ameruka kamba jioni nzima, leo eti kifundo kinauma. Mwambie afanye tu, asije akazoea uvivu." Nilimjibu kwa maneno mawili matatu kwa sababu binti alikuwa amesimama pale pale anatusikiliza. Mama, haya ndiyo niliyotaka kukwambia.

Nafundisha wasichana sarakasi na jimnastiki hapa Nyalenda, Kisumu. Vifaa vyetu ni vya kujitengenezea. Tunatua juu ya magunia tuliyoyajaza makapi ya mpunga kutoka Ahero. Ubao wetu wa kutembelea una upana wa sentimita 10, sawasawa na ule wa Olimpiki, ila wetu umelala sakafuni na ule wa Olimpiki uko juu sentimita 125. Sina haraka ya kuuinua.

Mimi mwenyewe nilikuwa na miaka 15 nilipoumia. Kikundi chetu kilikuwa kimealikwa kwenye sherehe kubwa mjini, na siku tatu kabla yake nilitua vibaya mguu wa kushoto. Nilisikia ndani ya mguu sauti kama ya kijiti kikavu kinachovunjwa. Usiku nyanya alinichua kwa mafuta ya moto mpaka nikalia. Asubuhi kocha akanitazama mguu, akauzungushia bendeji, akasema piramidi yetu, ile ya kupandana mabegani, haiwezi kusimama bila mimi. Halafu akanikumbusha habari za Kerri Strug.

Sote tulimjua Kerri Strug. Kocha alikuwa na mkanda wa video wa Olimpiki ya Atlanta ya 1996, na tuliutazama mara nyingi kuliko tulivyofungua vitabu vya shule. Ni msichana Mmarekani mdogo wa umbo, wa miaka 18. Miaka minne nyuma, Barcelona, alikuwa ndiye mdogo kabisa kwenye timu ya nchi yake na alirudi na shaba. Sasa ni fainali ya timu, Marekani wanaongoza, Warusi wako nyuma yao, na Kerri ndiye wa mwisho kuruka farasi, kile kifaa cha kurukia. Mruko wa kwanza anaanguka na kifundo cha kushoto kinaumia. Majaji wanampa 9.162. Kocha wake, Béla Károlyi, anamhimiza arudi tena. Anachechemea hadi mwanzo wa njia, anakimbia, anaruka, anatua. Kisha anauinua mguu wa kushoto, anasimama kwa mmoja, anawasalimu majaji, na hapo hapo anapiga magoti kwa maumivu. 9.712. Károlyi anambeba mikononi kwenda kupokea dhahabu.

Basi na mimi niliruka. Wageni walikuwa wakila, wachache wakapiga makofi. Nilimaliza onyesho nikiwa siwezi kukanyaga.

Wiki tano baadaye ndipo nilipopigwa picha ya eksirei. Mfupa ulikuwa umepasuka karibu na ile sehemu laini unakokulia, na ulikuwa umeanza kuunga ukiwa umepinda. Sikuruka tena kwa ushindani. Mpaka leo mvua za Aprili zikianza, mguu huu hunijulisha kabla ya mawingu.

Nilipokuwa mtu mzima nilikaa na zile alama za Atlanta nikazipigia hesabu mwenyewe. Kwa jumla Marekani walipata 389.225 na Warusi 388.404. Tofauti ni 0.821. Mruko wa pili wa Kerri ulizidi ule wa kwanza kwa 0.550 tu. Kwa hiyo hata angebaki ameketi baada ya kuanguka, dhahabu ilikuwa yao. Niseme haki: dakika ile hakuna aliyekuwa na uhakika, kwa kuwa Warusi walikuwa hawajamaliza. Lakini angalia nani aliyelipa kwa kukosa uhakika huko. Kerri alikuwa amefuzu pia kwa fainali ya mwanamichezo bora wa vifaa vyote, na fainali nyingine za kifaa kimoja kimoja. Zote alizikosa. Mbio zake za Olimpiki ziliishia pale juu ya farasi, akiwa na miaka 18. Maisha yake hayakuishia hapo, nashukuru. Alisoma Chuo Kikuu cha Stanford, akawa mwalimu wa watoto wa shule ya msingi. Ila kocha wetu hakuwahi kutuambia habari za zile fainali alizozikosa, na kwenye mkanda hazimo.

Na piramidi yetu? Wale wenzangu watano wangeweza kuisimamisha bila mimi. Tulikuwa tumeifanya hivyo mara kadhaa mazoezini.

Ndiyo maana wasichana wangu nawasimulia pia Tokyo, Julai 2021. Simone Biles, mwanajimnastiki wa Marekani, aliruka mara moja kwenye fainali ya timu, akahisi mwili hewani haujui tena uko wapi, juu au chini, akajitoa. Wenzake wakaendelea wakapata fedha. Yeye akarudi siku chache baadaye akachukua shaba kwenye ubao, na 2024 mjini Paris akashinda dhahabu tatu akiwa na miaka 27. Aliyepumzika alirudi. Wanangu hawa nataka wazijue hadithi zote mbili.

Sasa la nyumbani, mama. Mtoto anayekua si mtu mzima mdogo. Kwake ile sehemu laini ya mwisho wa mfupa ni dhaifu kuliko mishipa inayoshika kiungo, hivyo kile ambacho kwako kingekuwa kuteguka tu, kwake kinaweza kuwa mfupa uliopasuka. Usimchue. Najua nyanya zetu walichua kwa upendo, wangu alinichua hivyo, lakini siku za kwanza kuchua na mafuta ya moto huongeza uvimbe. Weka barafu iliyofungwa kwenye kitambaa, dakika 15 au 20, mguu ukiwa juu ya mto. Huna friji? Wauza samaki wana barafu kila siku, na sijaona hata mmoja aliyemnyima mtoto aliyeumia. Kisha mwambie atembee hatua nne. Akishindwa, au ukibonyeza mfupa wa kifundo akavuta mguu kwa maumivu, mpeleke akapigwe picha siku hiyo hiyo. Msisubiri wiki tano.

Kuhusu kuruka kamba jana: mtoto anayependa kuruka huyaficha maumivu kwa muda mrefu awezavyo. Akifika hatua ya kuyasema mbele ya wenzake, ujue ameyabeba siku kadhaa. Na ukimwita mvivu leo, lile kubwa zaidi hatakwambia.

Na mzazi mwingine unayenisoma, kama si mimi ninayemfundisha mwanao, usione haya kumwambia kocha, kwa heshima na kwa sauti ya kawaida, kwamba leo hafanyi. Usiombe radhi. Mwache binti aje ukumbini hata hivyo. Wangu wakiumia huwapa kazi ya kuhesabu midundo na kutoa alama kama majaji, na wanaifanya kwa ukali ambao hata mimi sina. Kocha akikuuliza atarudi lini, mjibu: atembee bila kuchechemea, akimbie, halafu aruke kwa mguu ule mmoja mara kumi bila kukunja uso. Ndipo arudi kwenye magunia, na aanze na mruko ule wa chini kabisa.